Kichwa na Mkia Havitoshi: Soma Katikati ya Anwani

Wiki iliyopita muongoza watalii mmoja aliingia kwenye kibanda changu cha simu na kompyuta, jirani na soko la Kilombero hapa Arusha, akaniwekea simu mezani. "Kaka, hela imetoka, ila dogo wa Moshi anasema hajaiona." Alikuwa ametuma USDT 300 (sarafu ya kripto inayofuata thamani ya dola) kwa mtandao wa Tron, bakshishi aliyoachiwa na mgeni. Nikaufungua muamala. Umekamilika, hauna tatizo lolote. Tatizo lilikuwa kwenye anwani, ule mfululizo wa herufi na tarakimu unaoonyesha hela iende wapi.

Pesa za simu zimetudekeza. Ukituma M-Pesa, kabla hujathibitisha unaletewa jina la mpokeaji. Ukiona jina geni, unaghairi. Anwani ya kripto haina jina la kukuletea. Si akaunti ambayo mtu alikwenda kuifungua mahali. Ni zao la hesabu tu.

Hesabu huanza na ufunguo wa siri, namba ya biti 256 (sifuri na moja 256 zilizopangwa mfululizo) iliyookotwa kwa bahati nasibu. Kutokana nao programu hukokotoa ufunguo wa umma, na huo nao hupitishwa kwenye hashi. Hashi ni kinu: unaingiza buni, inatoka kahawa ya unga, na hakuna fundi wa kuirudisha kuwa buni. (Tofauti na vinu vya Moshi, hiki ukikipa buni ileile kinatoa unga uleule, chembe kwa chembe.) Tron na Ethereum zote hutumia hashi ya Keccak-256 na kuchukua baiti 20 za mwisho. Kwa hiyo ufunguo mmoja huzaa kiini kilekile kwenye mitandao yote miwili. Kinachobadilika ni vazi. Ethereum hukivika 0x na herufi 40 za heksadesimali (tarakimu 0 hadi 9 na herufi a hadi f), Tron hukipa anwani ya herufi 34 inayoanza na T.

Vazi la Tron, sawa na lile la anwani za zamani za Bitcoin zinazoanza na 1, limeshonwa kwa akili. Halina sifuri, O kubwa, I kubwa wala l ndogo, maana macho huzichanganya; zinabaki herufi na tarakimu 58. Mwishoni zimeongezwa baiti 4 za ukaguzi, zinazotokana na hashi ya kilichotangulia. Ukikosea herufi moja, pochi (programu unayotumia kutuma na kupokea kripto) inakataa. Kosa la bahati mbaya lina nafasi 1 kati ya takriban bilioni 4.3 ya kupenya.

Maana yake, mteja wangu hakukosea kuandika. Alinakili anwani kamili, sahihi, ya mwizi.

Siku mbili kabla, kwenye historia ya pochi yake ulikuwa umeingia muamala wa senti chache kutoka anwani iliyofanana na ya dogo: mwanzo uleule, herufi nne za mwisho zilezile. Katikati ni mambo mengine kabisa, lakini pochi nyingi huificha katikati kwa nukta tatu (ubunifu ambao binafsi naulaumu sana). Akafungua historia, akagusa ya juu, akatuma.

Mwizi aliipataje? Kwa kubahatisha funguo hadi apate inayofanana. Kulinganisha herufi 4 za mwisho kunahitaji, kwa wastani, majaribio 58×58×58×58, yaani 11,316,496. Kwa kompyuta, hiyo ni kazi ya muda mfupi. Kila herufi anayoongeza huizidisha kazi karibu mara 58, kwa hiyo huishia kwenye zile anazojua utaziangalia. Mtego huu haukamati wageni wa kripto peke yao: Mei 2024 mtu mmoja alituma WBTC (tokeni inayofuata thamani ya Bitcoin) za dola milioni 68 kwa anwani ya namna hii, ingawa baadaye nyingi zilirudishwa.

Za mteja wangu hazikurudi, na sikumpa matumaini. Tulichofanya ni kumpigia dogo, akatusomea herufi nane za katikati, moja moja, akitaja kubwa na ndogo. Tukaihifadhi anwani yake kwenye pochi kwa jina. Historia nimemwambia asiinakili tena.