Kifungo cha maisha Ujerumani si miaka 15

Kuna ujumbe unaozunguka kwenye magrupu mwaka nenda mwaka rudi: picha ya mwanamgambo wa zamani wa mrengo wa kushoto wa Ujerumani, na chini yake maneno kwamba kule kifungo cha maisha ni miaka 15, ukimaliza unakwenda zako. Si kweli.

Anayetajwa sana ni mwanamke aliyekamatwa Novemba 1982 na kutoka gerezani Machi 2007. Piga hesabu mwenyewe: miaka 24 na ushei. Mwenzake aliyekamatwa mwezi huohuo alitoka Desemba 2008, baada ya miaka 26.

Hiyo 15 haikuokotwa hewani, na hapo ndipo watu wanapoteleza. Kifungu cha 57a cha sheria ya adhabu ya Ujerumani kinasema mfungwa wa maisha akishatimiza miaka 15, mahakama inaweza kupima kama aachiliwe. Hatia ikiwa nzito mno, anaendelea kukaa. Hata akitoka, anakuwa chini ya masharti kwa miaka 5, na akiyavunja anaweza kurudishwa ndani. Sheria hiyo ipo mtandaoni bure, hata kwa Kiingereza.

Wengine husema wawili hao walisamehewa na rais. Huyo aliyetoka 2008 aliomba msamaha kweli, akakataliwa mwaka 2007. Kilichomtoa ni uamuzi wa mahakama. Ujumbe huo ukikufikia tena, usiusambaze. Mwulize tu aliyekutumia: huyu alikamatwa mwaka gani?