Hakuna Wakanada milioni tano waliopotea

Wiki hii nimetumiwa tena ile chati. Inaonyesha sehemu ya wakazi wa Kanada walioandikwa kwenye sensa kuwa na asili ya Kikanada: asilimia 32.3 mwaka 2016 na asilimia 15.6 mwaka 2021, na juu yake maandishi mekundu: Wakanada halisi wamepungua kwa nusu ndani ya miaka mitano, sababu ni wahamiaji. Kazi yangu ni takwimu za idadi ya watu, na sensa ya Kanada ndiyo ninayoishughulikia zaidi. Hoja hii nimeijibu kwa simu, kwa ujumbe, hata mezani kwenye harusi. Sasa naiandika.

Tarakimu zenyewe ni sahihi. Mwaka 2016 watu zaidi ya milioni 11.1 waliandikiwa asili ya Kikanada. Mwaka 2021 walikuwa kama milioni 5.7. Lakini jamani, milioni tano na ushee watoweke bila vita wala tauni, katika nchi ambayo idadi ya watu wake iliongezeka kipindi hichohicho? Mhamiaji anaweza kupunguza asilimia ya waliomtangulia. Kupunguza hesabu yao hawezi, na hapa iliyoporomoka ni hesabu yenyewe.

Kilichobadilika ni fomu. Swali hilo la sensa linataka asili ya kikabila au ya kitamaduni ya mababu wa mhojiwa. Uraia wake haliugusi, wala halimwulizi anajiona nani. Mwaka 2016 chini ya swali paliorodheshwa mifano 28, na wa kwanza ulikuwa "Mkanada". Mwaka 2021 mifano ikaondolewa, pakawekwa anwani ya ukurasa wa mtandaoni wenye mamia ya asili. Wengi hawakwenda kuufungua. Waliandika kilichowajia kichwani.

Anayeona hoja hii nyepesi awatazame Wachina. Walioandika asili ya Kichina walishuka kutoka takriban milioni 1.77 hadi 1.71 katika miaka hiyohiyo mitano. Ila fomu hiyohiyo ina swali jingine, lenye visanduku vya kutia alama, linalohusu makundi ya watu wasio weupe. Huko Wachina walipanda kutoka takriban milioni 1.58 hadi 1.72. Watu ni walewale, fomu ni ileile, ukurasa tu ndio tofauti. Mchina alikuwa miongoni mwa mifano ya 2016, na mfano ulipoondoka, jibu likapungua.

Na si mara ya kwanza. Mwaka 1991, "Mkanada" hakuwemo kwenye mifano, akaandikwa na kama asilimia 4. Akaingizwa kwenye mifano ya 1996, jibu likaruka hadi asilimia 31. Mwaka 2001 akawekwa wa kwanza, likafika asilimia 39. Wakati ule chati nyekundu haikusambazwa.

Wanaosambaza chati hawaligusi kabisa Quebec, jimbo la wasemaji wa Kifaransa, na ufunguo uko huko. Kwa muda mrefu walioitwa Wakanada walikuwa wasemaji wa Kifaransa wa bonde la mto Saint Lawrence. Ni wazao wa walowezi wa karne ya 17, wakiwemo wasichana wapatao 800 waliogharamiwa na mfalme Louis wa 14 kati ya 1663 na 1673 waende kuolewa huko. Uingereza ilipouteka mji wa Quebec mwaka 1759, wengi wao Ufaransa waliisikia tu. Walizaliwa hapo, na wazazi wao pia. Wimbo wa taifa unaoimbwa leo ulitungwa kwa Kifaransa mwaka 1880, muziki wa Calixa Lavallée, kwa ajili ya sikukuu ya Mtakatifu Yohana Mbatizaji ya watu hao. Maneno ya Kiingereza yaliyoshika yaliandikwa 1908. Kwa hiyo mzee wa Trois-Rivières, mji wa Quebec, akiliona jina lake la zamani limetangulia kwenye orodha, analiandika, na ana haki nalo. Orodha ikiondolewa, anaandika Mquébécois, yaani mtu wa Quebec. Jibu hilo lilitoka chini ya 200,000 mwaka 2016 likakaribia milioni moja mwaka 2021. Sehemu ya "waliopotea" ndiyo hao, wamekaa palepale.

Neno linalonichosha hasa ni "halisi". Uraia wa Kanada kisheria ulianza tarehe 1 Januari 1947. Kabla ya hapo wote walihesabiwa raia wa mfalme wa Uingereza. Watu wa Mataifa ya Kwanza, wenyeji wa nchi hiyo kabla ya meli yoyote ya Ulaya, waliruhusiwa kupiga kura ya kitaifa bila kuvuliwa hadhi yao ya kisheria mwaka 1960 tu. Watu weusi wapatao 3,000 waliingia Nova Scotia baada ya vita vya uhuru wa Marekani, miaka ya 1780. Wapo waliohamia Sierra Leone mwaka 1792, lakini waliobaki wamezaa vizazi na vizazi, na mpaka leo wajukuu wao wanaulizwa wametoka wapi. Watu wa Ukraine walifungwa kambini kwa maelfu wakati wa Vita Kuu ya Kwanza. Leo huko kwenye nyanda za magharibi hakuna anayethubutu kuwaita wageni.

Mashaka ninayo, na ni makubwa. Mwaka 2016 nilimsaidia mama mmoja, mtu wa Fizi, mashariki mwa Kongo, kujaza fomu. Akaniuliza, "Mwanangu, wanataka mimi au wanataka babu yangu?" Nikamwambia babu. "Basi andika Mbembe." Mtoto mkubwa, aliyezaliwa kambi ya wakimbizi, akamwandikia Mkongo. Mdogo aliyezaliwa Kanada: "Huyu ni Mkanada, muandikie hivyo." Baba mmoja, mama mmoja, mababu walewale, na kwa utaratibu jibu la mhojiwa linaandikwa kama alivyolitoa. Kwa hiyo sina hakika kwamba swali hili linapima asili. Nadhani linapima kile ambacho mtu anapenda kusema siku hiyo, na wenzangu wengi wanakubali faraghani. Ongeza kwamba mtu anaweza kutaja asili kadhaa, ndiyo maana jumla ya asilimia inapita 100, na kwamba mwaka 2021 maeneo 63 ya Mataifa ya Kwanza hayakuhesabiwa kikamilifu.

Anayetaka kujadili uhamiaji aende kwenye swali la mahali pa kuzaliwa na hadhi ya uhamiaji. Majibu yake hayategemei mifano. Mwaka 2021 wahamiaji walikuwa asilimia 23.0 ya wakazi. Kiwango cha juu kilichotangulia kilikuwa asilimia 22.3, mwaka 1921.