Kiti kikienda makumbusho, mila nayo imekufa?

Hapa Tabora utasikia sana kwamba kitu cha mababu kikishapelekwa makumbusho basi na mila yake imekufa. Naelewa inatoka wapi, wakati wa Mjerumani vitu vilibebwa kweli, kuna kiti cha mtemi wa Kinyamwezi chenye mgongo mrefu kilienda mpaka Berlin. Ila kiti ni mti jamani, maarifa mara nyingi yanabaki kwa watu: fundi anachonga kingine, manju anaendelea kuimba, wazee wanasimulia. Cheki mwenyewe, ingia katalogi za makumbusho kwenye intaneti, jaribu na spelingi ya Kijerumani, Unjamwesi, afu picha itakayotokea mpelekee bibi umuulize hiki kinaitwaje, na siku hiyo usiwe na haraka ya kuondoka.