Takashi Shimura: mkono kichwani

Wanafunzi wangu wa uigizaji wakiniuliza waanze kumtazama nani, huwatajia Takashi Shimura, mwigizaji wa filamu wa Japani. Wengi hawamjui. Wanamjua Toshiro Mifune, yule wa upanga na macho makali, maana jina linalobaki midomoni mwa watu ni la steringi. Sasa piga hesabu. Akira Kurosawa, mwongozaji wa Kijapani, aliongoza filamu 30; Mifune yumo katika 16, Shimura katika 21, tangu ile ya kwanza ya mwaka 1943 mpaka Kagemusha ya 1980.

Alizaliwa 1905, akaanzia jukwaani Osaka, akaingia kwenye filamu miaka ya 1930. Umaarufu ulimkuta keshavuka miaka arobaini. Sura yenyewe ni ya mtu unayepanga naye foleni ya dirishani. Mwaka 1948 ni daktari mlevi, 1949 mpelelezi mzoefu, na mwaka 1950 peke yake ni wakili mla rushwa na pia mkata kuni anayeficha alichokiona msituni.

Wapo wanaosema siri yake ni utu uliokuwa usoni. Mimi naona huo ni uvivu wa kutazama. Shimura alikuwa akichagua kitu kimoja cha mwili, kidogo tu, halafu hakiachii mpaka filamu iishe.

Katika Ikiru (1952) alichagua sauti. Ni mkuu wa kitengo katika ofisi za jiji, ana saratani ya tumbo. Sentensi zake hazifiki mwisho. Zinakwama kooni kana kwamba kila neno linaomba ruhusa. Kuna usiku yuko baa, anamwomba mpiga piano wimbo wa zamani, anauimba taratibu, midomo haifunguki sawasawa, macho yamejaa machozi. Waliokuwa wakicheza wanasimama. Shimura alikuwa na miaka 47 tu, lakini ukimwona utaapa ni mzee anayeaga. Sisi tuliokulia vibanda umiza tulishika sheria moja: steringi hafi. Huyu anakufa filamu bado haijaisha, na sehemu iliyobaki ni matanga, wafanyakazi wenzake wakinywa na kubishana alikuwa mtu wa namna gani.

Miaka miwili baadaye, katika Seven Samurai, ni Kambei, kiongozi wa wale samurai saba. Tunamkuta mtoni akinyolewa kichwa ili ajifanye mtawa, amwokoe mtoto aliyeshikwa na mwizi. Tangu hapo mkono wake hautulii. Akiwaza anapapasa upara, akicheka anapapasa, akiona haya anapapasa. Hakuna anayelisemea jambo hilo. Ila baada ya saa moja unamjua kwa ule mkono, hata akikupa mgongo. Niliwahi kuwapa wanafunzi zoezi hilo, nusu yao wakaonekana kama wenye chawa. Tatizo ni kwamba walikuwa wakituonyesha mkono. Shimura alikuwa anafikiria vita, mkono ukajiendea wenyewe.

Mwaka huohuo wa 1954, mwezi Novemba, alitoka tena katika Gojira (Godzilla) akiwa Dokta Yamane, mtaalamu wa viumbe wa kale. Mji mzima unataka dubwana liuawe, yeye anasikitika kwamba hakuna anayetaka kulichunguza. Anakaa peke yake chumbani gizani. Filamu ya dubwana inahitaji mtu mmoja wa kuaminika, la sivyo watazamaji watacheka, na mzigo huo aliubeba yeye.

Mwaka 1955 Kurosawa alikuwa na nafasi ya mzee mwenye hofu ya bomu la nyuklia. Ungedhani itakwenda kwa Shimura. Ikaenda kwa Mifune, miaka 35, akapakwa uzee. Shimura, aliyemzidi miaka 15, akacheza daktari wa meno. Baada ya hapo nafasi zake kwa Kurosawa zikawa ndogondogo: jenerali hapa, mtengeneza sake pale, mkuu wa polisi kule. Hakuna hata moja aliyoicheza kivivu.

Kurosawa alimwita mara ya mwisho kwenye Kagemusha. Toleo lililopelekwa nje ya Japani lilifupishwa, na vipande vya Shimura vikaondolewa. Shimura alifariki Februari 1982. Ukiitafuta filamu hiyo, hakikisha unapata ile ndefu.