Kabla Kopo la Rangi Halijafunguliwa: Kukinga Chuma Kando ya Ziwa

Wakazi wengi wa Mwanza wanaotengenezesha geti au grili huuliza kwanza rangi ipi ni bora, ilhali swali lenye uzito ni chuma kimeandaliwaje kabla ya kupakwa. Kutu huhitaji maji na oksijeni, na huku kandokando ya Ziwa Victoria maji hayo si lazima yawe ya mvua, kwa kuwa umande wa alfajiri unatosha.

Chuma kipya mara nyingi huja na gamba la kijivu linaloelekea bluu, lililotokana na joto la kiwandani. Gamba hilo hudhaniwa kuwa kinga, lakini baada ya muda hupasuka na kubanduka pamoja na rangi iliyo juu yake. Viwanda huliondoa kwa kurusha chembe ngumu kwa hewa ya shinikizo, mpaka chuma king'ae na kubaki na mikwaruzo midogo ambayo rangi huishika. Karakana ya Igogo au Kirumba isiyo na mtambo huo itumie brashi ya waya na msasa, kisha ifute mafuta kwa tina. Hailingani na kazi ya mtambo, lakini inapita mbali kupaka rangi ya msingi juu ya masizi ya kuchomelea, kosa ninalokutana nalo mara nyingi mno. Uso wa chuma pia unapaswa kuzidi joto la kutunga umande, yaani joto ambalo mvuke wa hewani huanza kugeuka umande, kwa angalau nyuzi 3 za Selsiasi, kwa hiyo fundi asiye na kipimo asubiri jua lipande na chuma kikauke kabisa.

Rangi ya unga, inayonaswa kwa umeme na kuokwa kwenye tanuri kwa takriban nyuzi 180 hadi 200, hutoa uso mgumu na laini, ila nayo haisamehi uchafu.

Zinki hufanya kazi tofauti. Chuma kilichosafishwa kwa tindikali huchovywa katika zinki iliyoyeyuka, yenye joto la nyuzi 450 hivi, na metali hizo mbili huungana. Hata kinga hiyo ikikwaruzwa, zinki iliyo jirani huliwa kwanza na chuma husalimika. Kuchomelea, hata hivyo, huiteketeza: mafusho yake meupe humletea fundi homa, hivyo kwanza aiondoe zinki kwa kuisaga mahali pa kuchomelea, afanye kazi penye hewa ya kutosha, na akimaliza apake kiungo hicho rangi yenye zinki nyingi, kwa maana hapo ndipo bomba la mabati, yaani lililochovywa zinki, huanza kuota kutu.