Neno "sumu" halitoshi: mume akifa ghafla, sheria inauliza nini

Kikombe kilishaoshwa. Nilipofika kwenye ile nyumba kule Katuba, mtaa wa Lubumbashi, siku ya tatu ya kilio, kitu cha kwanza nilichouliza ni kikombe ambacho marehemu alinywea munkoyo, kinywaji cha mahindi, ile usiku, na shangazi mmoja, mama wa heshima kabisa, akanionyesha meza: vyombo vyote vimepangwa, vinang'aa, vimefunikwa kitambaa cheupe, maana wageni walikuwa wanakuja na huwezi kupokea wageni na vyombo vichafu. Sahani ya bukali (ugali) imeoshwa, sufuria ya samaki imeoshwa, shuka alilotapikia limefuliwa na lishakauka juani. Na mwili ulikuwa umepigwa formoli, dawa ya kuzuia kuoza, tangu asubuhi ya kwanza. Mjane amekaa chini kwenye mkeka, kichwa kimefungwa, na upande wa mume hakuna anayemwangalia.

Akaniambia pole pole: "Metre, bo banasema njo miye nilimulisha sumu. Balishaninyang'anya na fungulo ya nyumba."

Mimi ni avoka, yaani wakili (ndiyo maana wananiita metre), hapa Lubumbashi, Kongo, na faili za namna hii nimezibeba pande zote mbili. Nimesimama na wajane walioshtakiwa, nimesimama pia na wazazi waliozika mtoto wao wakiwa na hakika kwamba mkwe ndiye aliyemuua. Sumu ndani ya ndoa ipo, wanawake wanaua, wanaume wanaua, sitaki mtu asome hapa afikirie nasema ni maneno ya watu tu. Lakini kati ya "tunajua ni yeye" na hukumu ya juji kuna njia ndefu, na watu wengi wanaipoteza siku mbili za kwanza bila kujua, ndiyo maana naandika.

Tuanze na sheria yenyewe. Kode penali yetu (sheria ya makosa ya jinai), ambayo msingi wake ni wa 1940, ina kifungu cha 49 kinachosema kuua mtu kwa kitu chenye uwezo wa kuleta kifo, haraka au pole pole, kwa namna yoyote kilivyotumiwa, hiyo inaitwa kulisha sumu na adhabu yake ni kifo. Hukumu za kifo zilikuwa zinatolewa lakini tangu 2003 hakuna aliyenyongwa wala kupigwa risasi kwa amri ya mahakama, halafu mwezi wa 3 mwaka 2024 wizara ya sheria ikatoa waraka wa kuondoa ule usitishaji. Kwa hiyo mtu akisimama mbele ya TGI, mahakama ya makosa makubwa, kwa kifungu cha 49 (makosa ya hukumu ya kifo yanaanzia hapo, siyo kwa tribinali de pe, mahakama ndogo) anajibu kuhusu uhai wake mwenyewe.

Sasa soma pia kifungu kinachofuata, cha 50, ambacho familia nyingi hawajawahi kukisikia. Hiki kinamhusu aliyempa mwenzake kwa makusudi kitu kinachoweza kuua au kuharibu sana afya, na adhabu ni kifungo cha mwaka 1 mpaka miaka 20. Unaona tofauti? Kuna swali la kwanza: alipewa kitu? Swali la pili: kile kitu ndicho kilichomuua? La tatu: aliyempa alitaka afe? Kwenye kilio maswali yote matatu yanakuwa neno moja, "sumu", na anayeuliza swali la pili anaonekana amelipwa na mjane.

Kuna kesi moja ya zamani ya Uingereza ninapenda kuwaelezea avoka wadogo juu ya hilo swali la pili. Liverpool, 1889. James Maybrick, mfanyabiashara wa pamba, anakufa mwezi wa 5 baada ya kuumwa tumbo na kutapika siku nyingi. Mke wake Florence, Mmarekani, alikuwa ameonekana akiloweka karatasi za kuulia nzi ndani ya beseni, na zile karatasi zilikuwa na aseniki. Tena alikuwa na mwanaume mwingine pembeni, na ile peke yake ilitosha kumhukumu machoni pa watu. Mahakama ikampa hukumu ya kifo. Lakini mwili ulipopimwa, aseniki iliyokutwa ilikuwa kidogo, chini ya kipimo kinachoua mtu, na ikajulikana kwamba James mwenyewe alikuwa na mazoea ya kumeza aseniki kama dawa ya kujipa nguvu, miaka na miaka. Serikali ikabadilisha hukumu kuwa kifungo cha maisha, ikisema wazi kwamba kumpa sumu kwa nia ya kuua kumethibitika ila kama sumu hiyo ndiyo iliyomuua, hapo shaka imebaki. Florence akatoka gerezani 1904. Yaani kwa lugha yetu, walimuona wa kifungu cha 50 wakamwadhibu karibu na cha 49, na mpaka leo wanasheria wanabishana kama ilikuwa haki.

Kwa nini nasimulia ya Liverpool kwa watu wa Lubumbashi? Kwa sababu ya ile aseniki iliyokuwemo mwilini tayari. Hapa kwetu tunaishi karibu na viwanda na migodi, na utafiti uliotoka 2009, uliofanywa na watafiti wa chuo kikuu cha hapa pamoja na wenzao wa Ubelgiji, ulipima mikojo ya watu wa Katanga ukakuta kobalti kwa wingi sana, pia madini ya risasi, kadimiamu, uraniamu na aseniki, zaidi kwa wanaokaa karibu na migodi na viwanda vya kuyeyusha madini. Sasa familia ikiniletea karatasi ya maabara imeandikwa "aseniki imeonekana" wakafurahi kwamba kesi imeisha, namuuliza mtaalamu: kiasi gani? Na marehemu alifanya kazi wapi, maji alikunywa ya wapi? Karatasi isiyosema kiasi haijasema kitu.

Upande mwingine ni magonjwa yanayofanana. Aseniki inaleta kuhara na kutapika mpaka zamani madaktari wa Ulaya walikuwa wanaichanganya na kipindupindu. Wenzetu wa Bukavu wana jina lao, karuho, mtu anakohoa, anakonda, anaambiwa amelishwa, anapelekwa kwa mganga "kupimwa" na anatapishwa, na kumbe wakati mwingine ni kifua kikuu kinachohitaji tu vidonge vya hospitali. Na kupima watu kwa mambo ya mganga ili kujua nani mkosefu, kuwanywesha kitu ili yule atakayeumia ndiye mwenye hatia, hilo lenyewe ni kosa, kifungu cha 57. Nimeona familia imeingia kama walalamikaji, ikatoka na mjomba wao kizuizini kwa sababu hiyo.

Lakini hapa mjini, sumu ninayokutana nayo zaidi kwenye faili siyo aseniki, ni dawa za wadudu na dawa za panya zinazouzwa sokoni ndani ya vipakiti bila jina. Nyingi ni za kundi moja na zinamfanya mgonjwa aonekane kwa namna yake: mboni ya jicho inakuwa ndogo kama ncha ya sindano, mate yanamwagika, jasho linamwagika, anahara, misuli inarukaruka chini ya ngozi, pumzi inakuwa ngumu. Daktari anayejua anamchoma atropini. Ndiyo maana kitu cha kwanza ninachoomba siyo maabara, ni fishi ya hospitali, karatasi ya mgonjwa. Kama nesi wa zamu ya usiku aliandika "mboni ndogo, mate mengi, saa 8 usiku", ile mistari miwili ina uzito kwa juji kuliko mashahidi kumi waliokuja asubuhi kulia. Kwenye faili ya yule mjane wa Katuba fishi ilikuwa imeandikwa "maumivu ya tumbo, kifo kabla ya kupimwa". Basi.

Sasa formoli. Naomba mnisikilize hapa kuliko pengine pote. Mtu akifa tunakimbilia kumpiga formoli kwa sababu joto, kwa sababu ndugu wako Kolwezi na Likasi wanakuja, ninaelewa. Ila ile dawa inaharibu alama za sumu fulani, sianidi kwa mfano, na mara nyingi ina methanoli ndani yake. Halafu baadaye mtu anasema "alinyweshwa lutuku mbaya", na lutuku, ile pombe kali ya kienyeji, ikiwa mbaya inaua kwa methanoli hiyo hiyo, utajuaje imetoka kwenye chupa au kwenye sindano ya morgi (chumba cha maiti)? Hutajua tena. Kama kuna shaka, hata ndogo, mambo ya kufanya ni haya: hakuna kuosha kikombe, sahani, sufuria wala shuka, hakuna kumwaga matapishi, mwili usiguswe na formoli, na mtu mmoja aende haraka kwa polisi au parke (ofisi ya waendesha mashtaka) kusema. OPJ (afisa wa polisi wa upelelezi) anakuja anachukua vitu kwa PV (hati ya maandishi), vinafungwa kwa muhuri, vinaandikwa tarehe na saa na nani amevishika. Magistra wa parke anatoa rekizisyo (amri ya maandishi) kwa daktari afungue mwili, achukue damu, mkojo, kilichomo tumboni, kipande cha ini, kabla ya formoli. Kikombe kilichokaa wiki nzima kwa shemeji ndani ya mfuko wa plastiki nami nitakipinga, hata kama nina huruma na familia, kwa sababu sijui nani alikitia nini.

Na yule anayeshukiwa ana haki zake. Polisi hawawezi kumshika zaidi ya masaa 48 bila kumfikisha mbele ya magistra, hiyo iko kwenye Katiba, kifungu cha 18. Ana haki ya avoka tangu mwanzo. Haruhusiwi mtu kumpiga ili "aseme ukweli". Wapo wanaoniambia "metre, unawatetea wachawi", nawajibu kwamba aliyepigwa atasema chochote, na siku muuaji ni mwingine, mtakuwa mmemwachia.

Tufike kwenye nyumba, maana ukweli ni kwamba vita vingi viko hapo. Kode ya familia ya 1987, iliyorekebishwa 2016, kifungu cha 765, inasema mrithi aliyehukumiwa kwa kumuua kwa makusudi yule anayerithiwa, au kwa kutaka kumtoa uhai, hastahili kurithi. Soma lile neno: aliyehukumiwa. Siyo aliyetajwa kwenye kilio, siyo aliyelala polisi siku mbili. Mpaka hukumu itoke, mjane ana haki ya kukaa na kutumia nyumba aliyoishi na mume wake pamoja na vyombo vyake. Bila shaka awe mjane kwa sheria, ndoa ya kimila ambayo haikuandikishwa etasivili (ofisi ya serikali ya kuandikisha ndoa) inatuletea shida kubwa kila siku.

Tena angalia hesabu. Watoto wanachukua robo tatu ya urithi. Robo inayobaki inagawanywa kati ya mwenzi aliyebaki, wazazi wa marehemu, na kaka na dada zake, kila kundi moja ya kumi na mbili kama wote wapo. Mjane akitolewa kwenye hesabu, fungu lake linawaangukia nani? Wale wale walioketi upande wa pili wa mkeka. Sisemi kila shemeji ni mwongo, wengine wana uchungu wa kweli na wanastahili jibu, lakini juji anapaswa kujua nani anafaidika na neno lile. Na hata mke aliyehukumiwa kweli, nusu yake ya mali waliyoitafuta pamoja kama walioana kwa ushirika wa mali hiyo siyo urithi, ni yake tangu mwanzo. Watoto nao hawapotezi kitu, ni watoto wa marehemu.

Waingereza waliipitia hii kwa Maybrick huyo huyo. Mume alikuwa na bima ya maisha ya pauni 2,000 kwa faida ya mke. Mahakama ikaamua mke hawezi kuvuna kutokana na kosa lake, ila kampuni ya bima nayo haiwezi kukaa na pesa kwa kisingizio hicho, ilipe, pesa iingie kwenye mali ya marehemu. Ninaipenda ile hukumu kwa sababu ilikataa mtu wa tatu anone kwenye balaa la watu wawili.

Yule mjane wa Katuba, parke ilifunga faili yake baada ya miezi saba, hakuna kikombe, hakuna sampuli, fishi haina kitu. Mama mkwe wake alikuja ofisini kwangu baada ya hapo, peke yake, akaniuliza, "Metre, sasa mwana wangu alikufa na nini?" Nikamwambia ukweli, kwamba hatutajua tena, na akalia vile nilimwona mjane analia.

Fungulo bado iko kwa shemeji mkubwa. Audiensi ya kesi ya nyumba mahakamani ni Alhamisi hii.