Msimbo wa "ugonjwa wa shingo usiobainishwa" kwenye fomu yako

Ukitoka kwa daktari na fomu ya bima mkononi, tazama sehemu ya utambuzi wa ugonjwa. Pembeni ya maandishi ya daktari huwa pana herufi na tarakimu, kwa mfano M54.2 au M53.92. Wagonjwa hufika kwenye dirisha letu la kumbukumbu za afya wakiuliza kama hiyo ni dawa, au ni ugonjwa mkubwa waliofichwa. Ni msimbo kutoka Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa wa Shirika la Afya Duniani, toleo la kumi, na una namna yake ya kusomwa.

Tuanze na M54.2. Herufi M ni sura ya magonjwa ya misuli, mifupa na viungo. Namba 54 ni kundi la maumivu ya mgongo, na 2 iliyo baada ya nukta inayaleta maumivu hayo shingoni. Kwa hiyo msimbo unasema shingo inauma, basi. Kwa nini inauma, hausemi. M53.92 unasema machache zaidi: pana tatizo la uti wa mgongo, liko eneo la shingo, na aina yake haijabainishwa. Tarakimu 9 ndiyo yenye kazi hiyo. Hata watumishi wapya huichanganya na 8, ilhali tofauti ni kubwa. Kwa kawaida 8 hutumika pale daktari anapoujua ugonjwa lakini ugonjwa huo haukutengewa namba yake, na 9 hutumika pale ambapo kilichoandikwa hakitoshi kusema ni upi.

Watu wengi wakisikia "haukubainishwa" hudhani daktari kazembea. Mara nyingi sivyo. Chukua mama anayebeba ndoo ya samaki kichwani kila alfajiri, ameamka shingo imekaza, hana homa, mikono ina nguvu zake zote. Maumivu ya namna hiyo kwa kawaida hupungua ndani ya wiki kadhaa, na hayahitaji MRI, kile kipimo cha picha za ndani ya mwili. Daktari akiandika M54.2 siku hiyo ameandika ukweli. Akiandika M50.1, yaani diski ya shingo, ile sahani laini iliyo kati ya pingili, imeathirika na inabana mzizi wa neva, bila dalili wala kipimo, amempa mama huyo ugonjwa ambao hakuna aliyeuona. Atakayemwona baadaye atasoma na kuamini, na mama ataacha kazi yake kwa hofu. Mimi naona heri M54.2 au 9 ya kweli kuliko msimbo wa kina ambao hauna ushahidi.

Kinachonisumbua ni 9 inayobaki pale pale. Mgonjwa anarudi mara ya pili na ya tatu, sasa ana ganzi inayoshuka mpaka vidole vya mkono, eksirei imepigwa, majibu yamo kwenye faili, lakini kwenye kompyuta utambuzi wa mwanzo unanakiliwa tu kwa sababu ndio uliotangulia kujitokeza kwenye skrini. Hapo msimbo umeachwa nyuma na ugonjwa. Pingili zikionekana zimechakaa, kuna M47. Neva kuu inayopita ndani ya uti wa mgongo ikiwa imebanwa na diski, miguu inaishiwa nguvu, kuna M50.0, na huyo ni mgonjwa wa kuwahishwa kwa mtaalamu. Bima nayo inaangalia: dai la kipimo cha gharama kubwa likiambatana na msimbo wa maumivu tu, ni rahisi kurudishwa kwa maswali.

Kwa waliopata ajali hali ni tofauti kabisa. Shingo iliyoteguka baada ya kuanguka na bodaboda haikai kwenye M, inahamia sura ya majeraha: S13.4 kwa kuteguka, S12 kwa kuvunjika, na S19.9 pale jeraha lisipobainishwa. Juu yake unaongezwa msimbo wa chanzo. Abiria wa pikipiki iliyogongana na gari barabarani ni V23.5, dereva wake ni V23.4. Ukimwambia daktari "shingo inauma" ukaishia hapo, pikipiki haionekani popote, na wanaopanga usalama wa barabara hawatamhesabu majeruhi huyo. Sema ulivyoumia, ulikaa wapi na uligongana na nini.

Na si kila kinachotokea shingoni ni cha mifupa. Rovu isiyobainishwa ni E04.9. Tezi zilizovimba sehemu moja ni R59.0, na zikithibitika kuwa ni kifua kikuu cha tezi huwa A18.2, ambacho kina matibabu yake kamili. Shingo ngumu yenye homa na maumivu makali ya kichwa inaweza kuwa homa ya uti wa mgongo. Hiyo usiisubirishe nyumbani hata usiku mmoja. Nenda haraka pia ukiona mikono au miguu inalegea, au mkojo unatoka bila wewe kujua.

Mfumo huu una historia ndefu. Ulianzia kwenye orodha ya sababu za vifo ya Mfaransa Jacques Bertillon mwaka 1893. Shirika la Afya Duniani liliupokea kwenye toleo la sita, mwaka 1948, na toleo la 11 lilianza rasmi tarehe 1 Januari 2022, ingawa vituo vingi bado vinatumia la kumi. Katika toleo jipya, zile 8 na 9 zimegeuka Y na Z mwishoni mwa msimbo, na maumivu ya shingo ni ME84.0. Ukiona herufi hizo usishtuke, maana yake ni ile ile.

Unapokwenda kliniki, eleza maumivu yalianza lini, yanashuka mpaka wapi, kama una ganzi, kazi unayofanya na mzigo unaobeba. Majibu ya vipimo yakitoka, muulize daktari kama utambuzi umebadilika na uombe uandikwe upya. Ukiona msimbo haufanani na ulichoambiwa, njoo dirishani na kadi yako kabla dai halijatumwa. Sisi wa kumbukumbu hatuna ruhusa ya kubadili utambuzi kwa mkono wetu. Tutalirudisha faili kwa daktari aliyekuona, naye atarekebisha na kusaini.